Samurai Aliyekatazwa

Kwanza mnisamehe mwandiko wangu na makosa ya herufi. Shule niliiacha baada ya darasa la nane, na tangu hapo mkono wangu umeshika msumeno kuliko kalamu. Nikiandika naenda polepole, neno moja nalitazama kwanza kabla sijashika lingine. Nyumbani kwetu tunasema Kimeru, na karibu yote nitakayoandika hapa yalisemwa kwa Kimeru. Nimeyaweka kwa Kiswahili nilivyoweza. Nataka kuwaeleza habari ya kaka yangu na samurai, kwa sababu imekaa ndani yangu na bado haijaisha.

Kwetu ni juu ya Laare, mahali ambapo miraa imepandwa hadi mlangoni. Baba alifariki tukiwa wadogo, tukabaki mama, kaka na mimi. Kaka ana pikipiki. Kila asubuhi alipita mashambani akipokea mabunda yaliyofungwa kwa majani ya mgomba, akayapakia kwenye magunia kila upande wa kiti, kisha akayakimbiza sokoni kabla pikapu za Nairobi hazijaondoka. Miraa haingoji mtu. Ikichelewa kidogo inanyauka, na mnunuzi anaigeuza mkononi kama kitu kilichookotwa njiani. Ndiyo maana watu wa kazi hii huendesha kama wanaofukuzwa na nyuki.

Wakulima walimpenda kwa jambo moja: alikuwa mtu wa neno lake. Akikuambia atapita jua likichomoza, ukiisikia pikipiki huna haja ya kuangalia jua. Mimi ni mtu wa kukaa nyuma ya watu, na nilitosheka kuitwa mdogo wake.

Samurai waliingia kwetu kupitia kibanda cha video. Kilikuwa nyuma ya bucha, kuta za mabati, mabenchi ya mbao ambazo hazijapigwa randa, kwa hiyo ukikaa vibaya unaondoka na kibanzi. Mwenye kibanda alipenda filamu za Kijapani za zamani, na alikuwa na mtu wa kutafsiri, ameketi kando ya runinga na maikrofoni. Sidhani kama mtafsiri huyo alijua hata neno moja la Kijapani. Samurai wawili wakitazamana kwa hasira kwenye nyasi, yeye alisema, "Wewe! Umeniletea miraa ya jana!" Watu walianguka kwa kicheko. Samurai akimpigia bwana wake magoti, mtafsiri alisema, "Chifu, ile ng'ombe si mimi niliyeiiba."

Kaka alicheka pamoja nao, lakini si hadi mwisho. Mwishoni samurai aliyekosa huvaa nguo nyeupe, hukaa chini akiwa amenyooka, na kujitoa uhai mwenyewe mbele ya watu. Hapo kaka aliinama mbele, viwiko juu ya magoti, na mtafsiri akileta mzaha alimfokea: "Nyamaza wewe, tuone!" Tukirudi nyumbani aliniambia, "Umeona? Amekosa, amelipa, kwisha. Hakuna vikao, hakuna kubembelezana. Huyo ni mwanaume."

Alimpa mchoraji wa pale sokoni mpira wa nyuma wa pikipiki, ule wa kuzuia matope, akaandikiwa SAMURAI kwa rangi nyekundu. Tangu siku hiyo wenzake wa steji, pale pikipiki zinapongojea abiria, walimwita hivyo.

"Samurai, na panga yako iko wapi?"

"Nimemwachia mama anakatia ng'ombe nyasi."

Wakati huo mimi nilikuwa nasomea useremala katika chuo cha ufundi upande wa Kianjai. Tulikuwa na mwalimu Mjapani, mzee wa kujitolea ambaye kwao alikuwa amestaafu. Misumeno yake ilikata ikivutwa, si ikisukumwa, na randa yake vivyo hivyo. Mwanzoni tulicheka, tukasema Mjapani anafanya kazi kinyumenyume. Baadaye tuliona vipande vyake vinavyoingiana bila msumari, tukanyamaza. Alijua Kiswahili cha kutosha, akikisema polepole kama mimi ninavyoandika, na labda ndiyo sababu nilimzoea.

Kaka aliposikia tuna Mjapani, alikuja na pikipiki siku ya mapumziko ili amwone kwa macho yake. Mwalimu alikuwa amekaa kwenye kigogo akinoa patasi.

"Mwalimu," kaka akasema, "wewe ni samurai?"

Mwalimu alicheka hadi akaweka patasi chini. "Hapana. Babu zangu walikuwa wakulima. Samurai akipita barabarani, wao waliinama kando."

"Lakini Wajapani wote ni samurai. Mimi naona kwa video."

"Na Wameru wote wanatafuna miraa?"

"Wote."

"Huyu ndugu yako hatafuni."

"Huyu si mtu, mwalimu. Huyu ni mlokole."

Tulicheka sote. Kisha mwalimu akamwuliza kaka kama anataka kujua kweli au anataka video. Kaka akasema anataka kweli.

Nitajaribu kuyaandika kama alivyoyasema. Alisema samurai walikuwa wachache. Walikuwa askari wa mabwana wakubwa; bwana aliwalisha mchele, nao wakampa maisha yao. Halafu vita vikaisha, amani ikakaa muda mrefu sana, muda wa vizazi na vizazi. Askari asiye na vita afanye nini? Akawa karani. Akakaa ofisini anahesabu magunia ya mchele wa kodi, na panga mbili kiunoni. "Ni wakati huo," mwalimu akasema, "ndipo wengi waliandika vitabu kuhusu uzuri wa kufa kwa heshima. Wakati hakuna anayewapiga."

Kaka hakupenda hilo. Akasema, "Lakini walijiua kweli wakikosa."

"Wengine. Mara nyingi haikuwa hiari. Bwana aliamuru. Ilikuwa ni hukumu, lakini hukumu ya mtu mkubwa, ili asife kama mwizi." Akaeleza pia kwamba kulikuwa na samurai waliojiua bwana wao akifariki, ili wamfuate. Desturi hiyo ikazidi, nyumba zikapoteza watu wao wazuri, mpaka mtawala wa nchi akaikataza.

"Wakatii?"

"Wengi walitii. Kutii ndiyo heshima yenyewe."

"Basi hao walikuwa waoga," kaka akasema.

Mwalimu alimtazama. Akaichukua tena patasi lakini hakuinoa. Alisema baadaye serikali mpya iliwafuta samurai kabisa, ikawakataza watu kutembea na panga. "Panga ziliondoka. Fikira ziligawiwa watu wote. Zamani mkulima hakuambiwa afe kwa heshima, aliambiwa alime. Sasa mtoto wa mkulima akafundishwa shuleni kwamba naye ni kama samurai, na bwana wake ni mfalme na nchi. Vita vikubwa vilipokuja, askari waliambiwa kukamatwa na adui ni aibu kuliko kifo." Kaka wa babu yake mwalimu alikwenda vita hivyo akakamatwa, na baada ya vita akarudi kijijini mzima. Vijana wengine wa kijiji hawakurudi. Mama yake alimkumbatia. Baba yake aligeuza uso. Alikaa maisha yake yote katika chumba cha nyuma, akitengeneza masanduku, na siku za sherehe hakuketi na watu. "Ndiye aliyenifundisha kushika randa," mwalimu akasema. "Mimi nafurahi kwamba hakufa. Lakini sikumbuki kama nilimwambia."

Nilimwuliza, kwa sauti ndogo, kama basi mambo ya samurai ni mabaya. Alifikiri. Alisema kwao ukisahau mwavuli kwenye treni kuna uwezekano mkubwa wa kuupata. Fundi akikosea kipimo halali vizuri. Mkubwa wa kampuni huinama mbele ya watu akasema nimekosa. "Watu husema hiyo ni damu ya samurai. Labda. Lakini pia kuna kijana anafeli mtihani, anajifungia chumbani, hatoki tena. Hapo husikii mtu akisema hiyo ni damu ya nani."

Kaka alinisindikiza hadi kwenye karakana, akasema, "Mwalimu wako ni mtu mzuri, lakini ni mkulima." Akawasha pikipiki akaenda.

Mwalimu alirudi kwao muhula ulipoisha, na mimi nikarudi nyumbani na cheti changu, nikawa natengeneza milango na vitanda. Tukaishi hivyo.

Sasa lazima nieleze gichiaro, kwa sababu wasomaji wa mbali huenda hawalijui neno hili. Zamani, kabla ya babu zetu, koo fulani za Wameru zilikula kiapo pamoja zikawa ndugu kuliko ndugu. Mtu wa ukoo ule ni gichiaro wako. Hamuoani. Hudanganyi gichiaro. Akikuomba kitu kwa jina hilo, hukatai, hata ikiwa ni ng'ombe wako wa mwisho. Akikukataza jambo, unaacha hapo hapo, hata kama mkono uko hewani. Watu huogopa kulitumia ovyo. Wengine wa mjini siku hizi wanacheka, lakini hata wanaocheka sijawaona wakijaribu.

Chini ya shamba letu, ng'ambo ya kijito, anaishi mzee wa ukoo wa gichiaro wetu pamoja na mkewe. Watoto wao wameolewa na kuoa mbali. Asubuhi moja ya siku ya soko, mke wa mzee alianguka akiwasha moto. Mdomo ulipinda, mkono na mguu wa kulia ukafa. Mzee alimtoa akamlaza kwenye nyasi karibu na barabara, akasimama katikati ya njia. Wa kwanza kutokea alikuwa kaka, pikipiki imejaa miraa.

"Gichiaro!" mzee akaita. "Nipelekee mama huyu hospitali."

Kaka alisimama. Hakukataa, hilo yeye mwenyewe amelisema mara nyingi, na mzee hajawahi kulipinga. Alitazama magunia, akatazama jua. Pikapu ilikuwa inangurumisha injini sokoni, na miraa ile ilikuwa ya majirani. Kuishusha pale kungetaka kufungua kamba zote. Akasema, "Mzee, naangusha huu mzigo tu. Narudi sasa hivi." Akaondoka mbio.

Sokoni kulikuwa na ugomvi. Mnunuzi alisema mabunda ni mafupi, wapakizi wakagoma kuyapokea, watu wakamzingira kaka wasimruhusu kuondoka mpaka ataje kila bunda ni la mkulima gani. Alipojitoa na kurudi, jua lilikuwa limepanda.

Mzee alikuwa bado amesimama pale pale.

Na hili ndilo lililomvunja kaka. Pikipiki nyingine ilikuwa imepita, tena tupu. Mwendeshaji, kijana wa kutoka Tharaka, alipunguza mwendo akamwuliza mzee kama anataka kubebwa. Mzee akamjibu, "Asante, mwanangu, endelea. Gichiaro wangu anarudi." Hakuwa na wasiwasi hata kidogo. Neno la gichiaro kwake lilikuwa kama pikipiki imeshafika. Akamwacha kijana yule apite.

Walimpeleka hospitali. Hakufa. Lakini mpaka leo hasemi na hainuki bila kuinuliwa. Daktari aliulizwa kama angefika mapema ingekuwaje, akasema mambo haya huwezi kujua. Pengine ingekuwa vile vile. Pengine sivyo.

Kaka alirudi nyumbani, akauweka mguu juu ya ule mpira wa nyuma, akaung'oa pamoja na skrubu zake. Siku zilizofuata hakwenda kazini. Steji walisikia, na baadhi yao walikuwa na midomo mibaya. Mmoja alipita akapaza sauti kutoka barabarani, "Samurai! Leo utavaa nyeupe?" Sidhani alimaanisha kitu. Ni mzaha wa video. Lakini nilikuwa nimesimama karibu na kaka na nikaona jinsi alivyolipokea lile neno, kama mtu aliyekumbushwa kitu alichokuwa akikitafuta.

Mama alisema twende kwa mzee na kondoo dume, wazee wakae, kosa lifutwe. Ndivyo inavyofanywa kwetu tangu zamani. Kaka akasema, "Mama, nikampe kondoo? Nimwambie, chukua kondoo huyu, mkeo hasemi?"

"Ndiyo desturi."

"Desturi ya kubembelezana."

Alijifungia katika nyumba yake ndogo kando ya zizi. Alimpa mtoto wa jirani buti zake za mvua. Simu aliniletea mimi, akasema, "Kaa nayo, wewe huna nzuri." Kisha nikaanza kusikia panga likinolewa. Mimi ni fundi. Najua mlio wa chuma kinachonolewa kwa kazi, unakwenda na kukoma. Huu haukukoma. Nilipochungulia kwenye ufa wa mbao niliona ameketi chini, amenyooka, na shati jeupe la Krismasi limekunjwa vizuri kitandani.

Nilimwita. Akajibu kwa upole, "Nenda ukafanye kazi, mdogo wangu. Mimi niko sawa." Upole ule ulinitisha kuliko kama angenitukana. Mlango niliutengeneza mimi, kwa mbao nzito, na kwa mara ya kwanza nilichukia kazi yangu. Mama alikuwa ameshaanza kulia na kuwaita majirani. Nilijua tukiuvunja atakuwa amekwisha.

Nilisimama pale uani nikakumbuka samurai wale waliotaka kumfuata bwana wao, wakakatazwa, wakatii. Kaka aliwaita waoga. Lakini walitii. Nikawaza: mtu kama huyu humwachishi kwa kumlilia. Anaacha akikatazwa na yule ambaye heshima yake haimruhusu kumkatalia. Na kaka alikuwa na mtu mmoja tu wa namna hiyo duniani, tena ndiye huyo aliyemkosea.

Nilishuka mbio hadi ng'ambo ya kijito. Mzee alikuwa ameketi nje kwenye jua, mkewe amefunikwa shuka kwenye kiti chenye mto, naye anamlisha uji wa wimbi kwa kijiko.

"Umetumwa na kaka yako?" akaniuliza bila kugeuka.

"Hapana, mzee. Hajui nimekuja."

"Basi mwambie sina neno naye. Baya sina, zuri sina."

Nilibaki nimesimama. Huku juu nilijua panga linanolewa.

"Una kingine?"

"Nimekuja kuomba."

"Omba."

"Nakuomba kama gichiaro."

Kijiko kikasimama hewani. Ndipo akanigeukia, na uso wake haukuwa na hasira, ulikuwa umechoka tu.

"Mtoto," akasema, "ungeniomba kama mtu tu. Ningepata nafasi ya kukataa. Sasa umenifungia njia."

Nikamwambia yote: mlango, panga, shati jeupe. Nikamwomba aende amkataze. Alisikiliza, kisha akatazama bakuli la uji.

"Na huyu nani atamlisha?"

"Mimi."

Akanipa kijiko, akachukua fimbo yake, akapanda.

Kwa hiyo yaliyotokea mlangoni sikuyaona. Mimi nilikuwa nimechuchumaa mbele ya mama yule, namlisha uji. Nusu uliingia, nusu ulirudi kidevuni, nikaufuta kwa pembe ya shuka. Macho yake yalikuwa mazima kabisa. Yalinitazama muda wote. Sikujua kama anajua mimi ni mdogo wa nani. Nilitaka kumwambia, nikaogopa. Nilitaka kunyamaza, nikaogopa pia. Nilikuwa natega sikio upande wa juu, nikisubiri kelele za mama yangu. Kila jogoo alipowika nilishtuka, na uji ukamwagika, naye akangoja kwa uvumilivu nijaze kijiko tena.

Mama ndiye aliyenieleza baadaye. Mzee alifika akiwa anahema, akawaambia majirani warudi nyuma. Akagonga mlango kwa fimbo.

"Ni nani?" kaka akauliza.

"Ni yule uliyemwambia narudi."

Mama anasema ule mlio wa panga ulikoma.

"Mzee, usifungue huu mlango."

"Sitaufungua. Utaufungua wewe. Nisikilize. Ulisema unarudi, hukurudi. Hilo ni lako. Pikipiki ilipita tupu, nikaikataa kwa mdomo wangu. Hilo ni langu. Nimelala nalo kila siku, na mke wangu ananitazama. Tumekosa sisi wawili. Sasa unataka kwenda uniachie lote nilibebe peke yangu?"

Mzee akaegemea fimbo yake.

"Nakukataza," mzee akasema. "Kama gichiaro, nakukataza. Na kesho jua likitoka uje kwangu. Mgongo wangu umeisha na mke wangu ni mzito. Utamwinua."

Mama anasema walisubiri mpaka akafikiri hatafungua. Kisha kitasa kikazunguka. Kaka akatoka, akampa mzee panga, mpini mbele. Mzee akalipokea, akalitia chini ya kwapa. Mama akamkaribisha chai. Akasema hapana, akashuka.

Aliponikuta bado na bakuli, alinyoosha mkono akachukua kijiko. "Nimefanya ulichoomba," akasema. "Sikusema nimesamehe. Usichanganye hayo mawili." Nikasema ndiyo, mzee.

Huu ni mwaka wa pili. Kila asubuhi kaka hushuka ng'ambo ya kijito. Humwinua mama yule, humkalisha juani, hufua shuka, hukata kuni, na akimaliza ndipo hupakia miraa. Hajachelewa hata siku moja. Watu wa kanisani wanamsifu; wenzake wa steji walijifunza kunyamaza. Mzee humpa kazi, lakini hawazungumzi zaidi ya hapo. Kaka hula, hulala, na kibandani haendi. Ukimwambia kitu cha kuchekesha anatabasamu kukuridhisha. Nilimwuliza siku moja, tukiwa tunagawana muwa, kama yu mzima. Akasema, "Nimekatazwa, sivyo? Basi niko." Akaendelea kutafuna.

Kulikuwa na msichana huko Githongo, kwa wakulima wa kahawa, ambaye walikuwa wamepatana kuoana. Alimngoja. Mwaka huu alituma ujumbe kwamba hawezi kungoja mtu asiyeweza kulala mbali na kwao hata siku moja. Kaka aliusoma, akazima simu niliyomrudishia, akaenda kumwinua mke wa mzee.

Tangu hapo mama ananisukuma. Anasema mimi ndimi niliyelifunga fundo, na mimi ndimi ninayeweza kulifungua. Niende tena kwa mzee, nilitaje lile neno mara ya pili, nimwombe amwachilie kaka, amwambie deni limekwisha. Hawezi kunikatalia. Najua hawezi. Hilo ndilo linalonizuia. Nitakuwa nimempeleka mzee mara ya pili mahali ambapo hakuchagua kwenda, na mkewe atabaki bila mikono ya kumwinua. Halafu kaka atakuwa huru, nami sijui atafanya nini na uhuru huo. Labda ataoa. Labda kile alichokatazwa ndicho peke yake kinachomshikilia hapa. Nimejaribu kumwuliza yeye mwenyewe anachotaka, akasema hilo si swali la kuulizwa mtu kama yeye.

Mwalimu wangu angejua la kusema, lakini sijui alipo wala kama bado yu hai. Ndiyo maana nimeandika, ingawa imenichukua siku nyingi na karatasi nyingi zilizoharibika. Ninyi mliosoma mpaka hapa, kama mmewahi kuishi na mtu aliyebaki duniani kwa sababu ya neno la mwingine, au kama ninyi wenyewe ndio mliobaki hivyo, tafadhali niandikieni kwa njia ile ile ambayo karatasi hizi zimewafikia. Mniambie kama niende kwa mzee au nikae. Andikeni kwa herufi kubwa kidogo. Mimi husoma polepole pia. Mama ameniambia atangoja jibu langu mpaka mavuno ya mahindi, na mahindi yameshaanza kutoa nywele.